Mikono Minne

Kubandua manda ni kazi ya mikono minne.
Anayesema miwili inatosha hajawahi kuzishika zikiwa za moto.
Ndiyo maana nilimtuma mtoto kwa wifi yangu Apolonia,
baada ya miezi kumi na moja ya kupishana
njia ya gengeni kama waombolezaji wa misiba tofauti.
"Mwambie shangazi, kipaimara chako ni Jumapili,
na sambusa ni mia na ishirini."
Sikutuma neno lingine. Sikuwa nalo.

Akaja na kibao chake cha kusukumia, kwapani,
kama fundi asiyeamini vifaa vya watu.
Hodi aliupigia mlango, si mimi.

Pasua, Ijumaa, baridi ya Julai,
ile inayoingia hadi kwenye maji ya bomba
na unga unakataa kulainika.
Umeme ulishakatika tangu saa nne.
Nyama ya kusaga ilikuwa imekauka maji yake,
kitunguu nimekikata mpaka macho yakaomba radhi,
tangawizi, saumu, pilipili mbuzi mbili bila mbegu,
giligilani mwisho, sufuria imeshaepuliwa,
ili ibaki kijani. Limao. Nikaonja.
Akaonja naye, kwa kidole chake, bila kuomba.
Akaongeza chumvi.
Ilikuwa imepungua kweli, na hilo ndilo lililoniuma.

Yeye anasukuma, mimi napaka mafuta na kunyunyiza unga,
duara juu ya duara juu ya duara,
nne nne, kama watoto kwenye godoro la wageni.
Zikipata moto zinavuta pumzi, zinatuna;
hapo unashika ukingo huku, mwenzako kule,
mnavuta polepole.
Ukivuta kwa hasira, inachanika.
Ukichelewa, inagandana na dada yake milele.
Vidole viliungua. Hakuna aliyeguna.
Tulikuwa tunashindana.

Ugomvi wenyewe? Hatua tatu za kihamba, Kibosho,
migomba sita na mparachichi usiozaa.
Nani aling'oa sale la mpaka, nani alilisogeza usiku:
mume wangu anasema dada yake,
dada yake anasema mvua.
Mvua, jamani. Yenye jembe.

Tukakata manda vipande virefu.
Nikamwona ameshika kimoja, anakitazama,
chembamba, kimelegea kwenye kiganja,
na mimi nikaona alichokiona:
jani la sale, lile linalopigwa fundo
na kupelekwa kwa mtu uliyemkosea,
ambalo ukiletewa, huna pa kukimbilia.
Hakusema kitu.
Akakikunja. Pembe, pembe tena, mfuko,
kijiko cha nyama, uji wa ngano ukingoni,
akaiweka mbele yangu.
Nami nikakunja moja, nikaiweka mbele yake.
Yangu ilikuwa na kitundu penye ncha. Zangu huwa nacho.

"Mafuta yamepata," akasema.
Mwaka mzima kasoro mwezi, na maneno ya kwanza ndiyo hayo.

Moto wa mkaa, si mkali; ukiwa mkali
ngozi inaiva na moyo unabaki mbichi.
Zikazama, zikaibuka, zikaanza kuteta kwenye karai,
rangi ya maziwa, rangi ya majani makavu ya mgomba.
Ya kumi na tatu ikapasuka.
Nyama ikatawanyika, mafuta yakamrukia kwenye kanga.

"Hiyo ni yangu," nikasema.
"Najua."
Akageuza nyingine, na nyingine tena,
macho yake hayatoki kwenye mafuta.
"Na lile sale ni mimi."

Nikaiopoa ile iliyopasuka, nikaipuliza,
nikaivunja, nikampa upande wenye nyama.

Mume wangu sijamwambia bado.
Hatua ni zilezile tatu, na parachichi hakuna.
Jioni tulipohesabu zilikuwa mia moja na kumi na nne,
na Deodati, mdomo unang'aa, akaapa
kwa Roho Mtakatifu ambaye bado hajampokea.